Eda Niliyoihesabu Peke Yangu

Kwa miezi kadhaa nilikuwa mwanamke aliyeachwa, na mume aliyeniacha hakuwa na habari. Alikuwa Kongo, askari katika kikosi cha kulinda amani, akinitumia salamu za asubuhi na kuniuliza kama paa limeanza kuvuja. Nami nilimjibu. Nilimwita mume wangu kama kawaida, huku najua kwamba kwa sheria ya dini yetu hana tena haki ya kuniita mke. Najua wapo watu hapa Kiegeani watakaosoma haya waseme najitetea. Ni kweli, najitetea.

Tulikuwa na miaka minne ya ndoa alipopangiwa safari. Mtoto hatukujaaliwa. Wake wengine wa askari walibaki bara karibu na kambi, wakiliwazana wao kwa wao, lakini mimi niliona bora nirudi kisiwani, kwenye nyumba aliyoijenga katika kiwanja kimoja na mama yake. Nilidhani nitapata utulivu. Sikujua kwamba mume akiwa vitani na hajulikani atarudi lini wala kama atarudi, watu wanajipa kazi ya kukulinda. Wakubwa wake waliita safari ile kulinda amani. Yeye mwenyewe, siku ya kwanza aliyonipigia kutoka huko, aliita vita, na nyuma ya sauti yake nilisikia mvua ikipiga turubai.

Mama mkwe sina neno baya juu yake. Tulikuwa mlango kwa mlango, nikimpikia uji asubuhi, naye akinifundisha dua za kumwombea mwanawe. Aliyenikosesha raha ni wifi yangu, dada mkubwa wa mume wangu, aliyeolewa mjini Kilindoni na aliyekuwa akija kila Ijumaa eti kumjulia hali mama yake. Wifi yangu akiingia kwangu alikuwa anavuta pumzi kwanza kabla ya kutoa salamu. Alikuwa ananusa udi. Kwetu mwanamke hujifukiza udi kwa ajili ya mumewe. Sasa mume hayupo, udi wa nani? Nilijua anachokitafuta, nikaacha kufukiza hata nguo za sala, na bado kila Ijumaa alivuta pumzi pale pale mlangoni.

Mwezi wa pili nilishikwa na malaria nikatapika uani mara mbili. Nilipotoka zahanati nilimkuta amekwisha kufika kutoka Kilindoni, na haikuwa Ijumaa. Alikuwa ameketi barazani anahesabu kwa vidole tangu siku aliyoondoka kaka yake. Nilimpa karatasi ya vipimo bila kuombwa. Aliisoma mbele, akaigeuza akasoma na nyuma ambako hapakuandikwa kitu.

Kazi yangu ilikuwa mwani. Kazi hiyo inaendeshwa na bamvua, yale maji makubwa yanayokuja mara mbili kwa mwezi: yakitoka sana tunashuka kufunga miche kwenye kamba na kuvuna, na yakija maji mafu tunakaa juu, tunaanika. Mnunuzi wetu alikuwa mtu wa Unguja aliyepanga chumba Utende, karibu na mahali zinapoegeshwa boti za wageni wanaokwenda kuzamia kwenye Ghuba ya Chole. Alikuwa na mizani, simu mbili na maneno laini. Aliniambia mwani wangu ni mkavu na hauna mchanga, na aliyasema hayo mbele ya wenzangu. Mwanamke ambaye kwa miezi hajaulizwa jambo ila paa na dawa za mama mkwe, akisifiwa mwani wake anaweza kutembea njia nzima ya kurudi bila kuhisi miguu.

Aliomba namba yangu ili anijulishe siku ya kupakia mzigo. Alinijulisha. Kisha akaanza kuniuliza nimeamkaje. Niseme mapema nisije kushutumiwa kwamba nimeficha: hakunigusa. Hakuwahi kunishika hata mkono. Lakini simu ilipolia nilikuwa naomba iwe yeye, na siku moja nilipopaka hina kwa ajili ya harusi ya jirani, niliupiga picha mkono wangu nikamtumia. Mkono tu, mpaka kwenye kiwiko. Aliandika mashallah. Nilikisoma kineno kile mara nyingi kuliko inavyostahili.

Nani aliyemwona nani sijui, lakini habari zilifika Kilindoni, na kutoka Kilindoni zikafika Kongo. Zilifika zimetiwa chumvi, kwamba nashinda Utende, kwamba mwani wangu peke yangu unapimwa ndani na wa wenzangu unapimwa nje. Ujumbe wa mume wangu uliingia adhuhuri nikiwa naanika. Ulikuwa wa sauti, na sauti yenyewe sikuizoea, ilikuwa kavu kabisa.

"Nimesikia habari zako za Utende," alisema. "Sitaki kubishana, huku nina yangu. Ukikanyaga Utende tena mimi nikiwa huku, umeachika, talaka moja. Nimemaliza."

Kwetu maneno hayo hayachukuliwi kama hasira za kupita. Talaka ya sharti hukaa kimya pale ilipowekwa, na siku sharti likitimia inapita yenyewe, hata kama aliyeitamka amelala, hata kama amesahau. Tulifundishwa hivyo chuoni tungali watoto, tukikariri bila kufikiri kwamba yatatupata sisi. Nilisimama pale na mwani mikononi nikiusikiliza ujumbe ule mara ya pili na ya tatu, nikitafuta mahali aliposita. Hakusita.

Nilitii. Mzigo wangu nilimpa jirani aupeleke pamoja na wake, na wifi nilimnyima chai Ijumaa mbili mfululizo, mpaka mama mkwe akaniomba niache. Mnunuzi aliniandikia kuuliza mbona sionekani, nikamwambia nimebanwa na kazi za nyumbani. Sikumwambia zaidi, na sikumwambia aache kuniandikia.

Kilichonikera si Utende. Utende ni pahali tu, nina shangazi aliyezaliwa huko. Kilichonikera ni kwamba yeye aliweza kunipigia mstari mchangani kutoka nchi nyingine, na mimi sikuwa na mstari wa kumpigia. Ndipo nilipoanza kumsikiliza vizuri. Zamani akipiga simu nilikuwa nasikiliza kama ni mzima. Sasa nilisikiliza kilicho nyuma yake: redio, vyombo, nani anacheka. Siku moja aliniambia amekula sombe nzuri mpaka amekumbuka nyumbani. Nikamuuliza sombe ni nini, akasema ndivyo wanavyoita kisamvu huko. Simu ilipokatika nikalirudia lile neno peke yangu. Askari kambini anapikiwa wali na maharage kwenye sufuria kubwa. Kisamvu hakijitwangi. Mtu amekaa akakitwanga, akakitia karanga au nazi, akampakulia, na wakati wanakula akamfundisha jina lake.

Baada ya hapo kila kitu kilikuwa ushahidi. Akikawia kujibu, yuko kwake. Akijibu haraka, anataka amalize aende. Aliponitumia picha yake nilimwona amenyolewa vizuri, nikajiuliza kinyozi ni nani. Nikiandika haya naona jinsi nilivyofanana na wifi yangu, tofauti ni kwamba yeye alinusa mlangoni na mimi nilinusa kwenye simu.

Siku moja nilimpigia mchana, akapokea mwanamke. Hakushtuka. Sauti yake ilikuwa ya taratibu, na nyuma yake kulikuwa na kuku na mtoto mchanga analia kwa mbali.

"Iko analala, mama," alisema kwa Kiswahili chao.

Nilikata. Kilichoniuma zaidi ni kwamba hakuniuliza mimi ni nani. Mwanamke anayepokea simu ya mwanamume asiyemhusu huuliza, au huanza kujieleza. Yule aliniambia amelala kama anavyoambiwa mgeni mlangoni, kwa heshima, arudi baadaye. Mume wangu alinipigia usiku ule kama kawaida, akauliza paa, akauliza mama. Nilisubiri aseme mwenyewe. Simu huweka kumbukumbu ya kila anayepiga, kwa hiyo ama aliona akanyamaza, ama kuna mtu aliyefuta kabla yeye hajaona. Yote mawili yalinikosesha usingizi.

Keshoye nilikwenda Utende.

Nataka ieleweke kwamba sikughafilika wala sikulazimishwa, maana walioghafilika na waliolazimishwa wana udhuru wao. Nilikoga, nikavaa buibui langu zuri, nikamuaga mama mkwe kwamba natoka kidogo, nikaenda kwa miguu. Sikubeba mwani. Njiani nilijiuliza Utende inaanzia wapi hasa, kwenye nyumba ya kwanza au kwenye minazi ya kabla yake, nikaona nisiache shaka. Nilikwenda mpaka ufukweni, nikavua ndala, nikatanguliza mguu wa kulia mchangani kama mtu anayeingia msikitini. Vijana walikuwa wanapakia mitungi ya hewa kwenye boti ya wazamiaji. Mmoja akaniuliza kama navuka kwenda Chole. Nikamwambia hapana, nimefika.

Kisha nikaenda kwa mnunuzi. Hilo nalo lazima niliseme. Mlango ulikuwa na kufuli. Mama aliyekuwa anauza mihogo jirani akaniambia amesafiri jana kwenda Unguja kumwona mkewe amejifungua. Sikuwa najua kama ana mke, kwa sababu sikuwahi kumuuliza, na sikumuuliza kwa sababu sikutaka kujua. Nilikaa kwenye baraza yake nikacheka peke yangu, kicheko kibaya, mpaka yule mama akaniletea maji. Nilikuwa nimeitoa ndoa yangu nikaileta kwenye mlango uliofungwa. Ningefanya nini kama angefungua, sijui. Nimejiuliza mara nyingi na kila mara jibu linafuata nilivyoamka siku hiyo.

Talaka ikapita hapo, na asiyejua ni aliyeitoa.

Talaka moja ina rejea. Mume ana muda wa eda, twahara tatu za mwanamke, yaani vipindi vitatu vya usafi kabla ya hedhi, na ndani ya muda huo akisema tu nimekurejea, ndoa inaendelea kama ilivyokuwa, haina posa wala mahari. Neno moja tu. Lakini atalisemaje asiyejua kwamba ameacha? Ilinibidi nimwambie, na kila jioni nilijiambia kesho. Nilitaka kwanza yeye aseme la kwake. Kama angesema, kuna mwanamke alipokea simu, sababu ni hii na hii, hata iwe ya uongo, ningemwambia papo hapo nimekanyaga, sema nimekurejea tulale. Aliniuliza paa. Nami nikamjibu limeanza kuvuja upande wa jikoni.

Basi nikahesabu. Kila nilipoingia hedhini nilijua imepungua moja, na kwa kuwa siku zangu zilikuwa zinakwenda na mwezi, nilihesabu kwa bamvua kama nilivyohesabu kazi. Wenzangu kwenye kamba walihesabu mavuno. Mimi nilikuwa nasimama katikati yao, wananitania kwamba mume akirudi nitasahau njia ya pwani, nacheka nao, huku moyoni nasema ya kwanza imekwisha, ya pili imekwisha. Nilikuwa na hasira, na hasira ile ilinipa raha, sitaki kudanganya. Kwa mara ya kwanza nilikuwa na kitu ambacho yeye hakijui.

Hedhi ya tatu ilinikuta ndani ya maji, maji yakiwa magotini, nina kamba mkononi. Nikajua pale pale kwamba si mke wa mtu. Nilitarajia nijisikie mwepesi. Nikalia, na kwa sauti, mpaka wenzangu wakadhani nimechomwa na kitu mguuni wakanishika mabega kunitoa nje. Jioni alinitumia ujumbe wa sauti, mrefu kuliko kawaida. Alisema mwenzake wa kitanda cha jirani amepigwa risasi, amekufa, na kwamba hawezi kulala, na kwamba anatamani kuisikia hata sauti yangu ya kugomba. Nilimjibu nikamliwaza kadiri nilivyoweza. Nilimwita mume wangu. Huo ndio uongo mkubwa kuliko wote niliowahi kumwambia, na niliusema kwa huruma.

Alirudi baada ya mwaka na wiki chache. Alivuka kutoka bara mpaka Kilindoni, wifi akampokea gatini, wakaja kwa bodaboda mbili na vigelegele vikaanza tangu barabarani. Mama mkwe alikuwa analia na kucheka pamoja. Mimi nilimpokea nimejitanda mtandio mpaka usoni, nimevaa soksi miguuni kama anavyovaa mwanamke mbele ya mwanamume wa kando, na aliponyoosha mkono nikauweka wangu kifuani. Alikuwa amekonda. Mwanzoni alitania, akauliza kama nimekwenda Maka bila kumuaga. Halafu akaniangalia tena, na kicheko kikamwisha. Wifi naye akavuta pumzi.

Nilimtandikia kwa mama yake, nikasema kwetu paa linavuja. Alasiri, watu walipopungua, akanifuata barazani. Niliacha milango yote wazi na kusogea mwisho wa mkeka.

"Mbona hivi?" akauliza.

"Kwa sababu wewe si mume wangu. Nilikanyaga Utende."

Niliona anatafuta. Alikuwa amesahau, wallahi alikuwa amesahau, ilibidi arudi nyuma siku kwa siku mpaka akaipata ile sauti yake mwenyewe. Kisha akasema haidhuru, anasema sasa hivi, amenirejea. Nikamwambia eda imekwisha zamani.

"Ulimfuata nani Utende?" akasema, na sauti kavu ikarudi.

"Nilimfuata yule mwanamke aliyepokea simu yako akaniambia umelala."

Tulizungumza mpaka adhana ya Magharibi. Alisema yule ni mwanamke mwenye sola nje ya kambi, askari wote humpelekea simu wazichajie, na siku ile yeye alikuwa ametoka lindo la usiku akasinzia kwenye benchi lake akisubiri. Nilimuuliza sombe je. Akasema huyo huyo huuza chakula, sahani kwa sahani, kwa yeyote. Nilimuuliza kwa nini hakuniambia kwamba yule mwanamke alipokea simu yangu, akasema hakujua, simu yake haikuonyesha. Kila jibu lilikuwa na mlango wake, na kila mlango ulifunguka vizuri mno. Naye aliniuliza mnunuzi alikuwa akinisalimu mara ngapi kwa siku. Nikasema alinijulisha siku za kupakia mzigo. Aliniambia pia kwamba ujumbe ule wa talaka aliutuma siku walipotoka kumsindikiza mwenzao wa kwanza kwenye ndege, ndani ya jeneza, na kwamba siku hiyo angeweza kumwacha mtu yeyote. Nilimwonea huruma kweli. Sikumwamini.

Siku ya tatu tulikwenda kwa shehe, si wa kijijini kwetu, wa mbali kidogo ambako hatuna ndugu wengi. Kaka yangu alikuja kutoka Ndagoni kwa pikipiki kwa sababu ndiye walii wangu, wa kuniozesha, tangu baba afariki. Kaka ni mtu wa shamba, hapendi maneno, alitaka jambo limalizike arudi kwenye mihogo yake. Shehe aliomba asikilizishwe ujumbe. Niliufungua kwenye simu yangu, akausikiliza mara tatu amefumba macho, akamuuliza mume wangu nia yake siku ile ilikuwa nini, naye akakiri kwamba alikusudia talaka. Akaniuliza siku na hedhi, nikamweleza. Akasema hakuna rejea hapa, mwanamke huyu amekuwa huru. Akitaka kumwoa, ampose upya kama mtu mwingine yeyote, kwa walii, mashahidi wawili, mahari na ridhaa yake.

Lile neno, kama mtu mwingine yeyote, lilimtoa jasho. Nilimwona. Huyu mtu alikuwa amerushiwa risasi mwaka mzima na kilichomtetemesha ni kuambiwa kwamba mbele yangu hana daraja. Akasema anataka, anaposa sasa hivi. Kaka akasema sawa. Shehe akanigeukia akaniuliza mahari yangu.

Sikuwa nimepanga. Nilikuwa nimekwenda pale nikidhani nitasema msahafu na mtandio, kama mara ya kwanza.

"Nataka simu yake," nikasema. "Hiyo aliyo nayo, kama ilivyo sasa hivi."

Kaka alikohoa. Shehe alifikiri kidogo, akasema simu ni mali, ina thamani, na mahari ni haki ya mwanamke kuchagua. Kama mwanamume ameridhia yeye hana pingamizi. Tukamtazama. Nilikuwa nimekaza macho kwenye mfuko wa shati lake. Nilikuwa na uhakika atasita. Mwaka mzima nilikuwa nimejiandaa kwa ajili ya kuona akisita.

Aliitoa simu akaiweka katikati ya mkeka. Akataja na namba za kuifungulia, moja moja, shehe na kaka wakisikia.

"Sasa na yeye aweke yake," akasema.

Shehe akamwambia bibi harusi hatoi mahari. Akajibu kwamba anajua, haombi mahari, anaomba zawadi. Simu yangu ilikuwa pajani mwangu, chini ya buibui, bado ina joto la kuusikilizisha ule ujumbe. Ndani yake mlikuwa na asubuhi zote za mtu wa Unguja, nilivyoamka na nilivyolala, na mkono wenye hina. Sikuwahi kufuta. Nilijiambia sifuti kwa sababu sina cha kuficha. Mkono wangu ulikuwa juu ya simu na haukuinuka.

"Yangu ina vitu vya vikundi vya mwani," nikasema. "Nitaileta kesho."

Mume wangu, niendelee kumwita hivyo, aliniangalia. Hakuwa na hasira usoni, wala hakuwa na ushindi. Kisha akanyoosha mkono taratibu akaichukua simu yake kwenye mkeka, akairudisha mfukoni.

"Basi kesho," akasema. "Zote mbili."

Nilitamani kumwambia aiache. Ningemwambia aiache, ningelazimika kuweka ya kwangu. Kaka akauliza kama tumemaliza.

Ndoa ilifungwa keshoye baada ya Alasiri, nyumbani kwa mama mkwe, ambaye aliambiwa kwamba kulikuwa na dosari ndogo ya kisheria na hakuuliza zaidi. Wifi alikuja na udi wake mwenyewe akafukiza nyumba nzima. Shehe aliniuliza kama nimeridhia, na kwa kuwa si mwari, kunyamaza kwangu kusingetosha, nikasema nimeridhia. Mume wangu akanikabidhi simu mbele ya mashahidi, nami nikampa yangu.

Niliifungua pale pale, bila haya. Ilikuwa safi. Si mwanamke wa Kongo peke yake aliyekosekana, mwaka mzima haukuwemo: sombe, mwenzake aliyekufa, maswali ya paa, na salamu zangu zote nilizompelekea, hata zile za wakati tungali mke na mume. Niliinua macho nikamwona anapandisha na kushusha kidole kwenye yangu. Alikuwa anatafuta sauti zake, zile alizonitumia usiku chini ya turubai, mvua ikipiga. Nilikuwa nimezifuta zote usiku wa jana, pamoja na za mtu wa Unguja, kwa sababu ukifuta za mtu mmoja pengo linaonekana.

"Hakuna kitu," akasema.

"Hata kwako," nikamjibu.

Kaka yangu, aliyekuwa amekaa kati yetu na ambaye aliona hizo ni habari njema, akasema alhamdulillahi na kupitisha sahani ya halua.